Tandu Ndani ya Nyumba

Kila mara mvua za masika zinapoanza, barua za wasomaji wetu hubadilika. Zile za mapishi na ufumaji hupungua, na badala yake huja za wadudu: siafu walioingia jikoni usiku, chawa waliotoka shuleni, mende wasiokwisha hata wakipigwa dawa kila Jumamosi. Safari hii barua iliyotugusa zaidi imetoka kwa mama mmoja wa Tanga. Mwanawe wa miaka mitatu aliumwa na tandu akiwa amelala mkekani. Mkono ukavimba hadi kiwikoni, mtoto akalia kwa sauti iliyowaamsha majirani, nao wakajaa chumbani kila mmoja na dawa yake. Mmoja alitaka kuchanja kwa wembe. Mwingine alileta chupa ya mafuta ya taa. Bibi mmoja akaonya kwamba mtoto asiachwe asinzie mpaka alfajiri, kwa maana sumu ya tandu hupanda kichwani mtu akilala. Asubuhi uvimbe ulianza kupungua, na siku ya tatu mtoto alikuwa akicheza uani na wenzake. Lakini mama yake, kama anavyotuambia, hapati usingizi. Anataka kujua huyu tandu ni kiumbe wa namna gani, amefuata nini nyumbani kwake, na afanye nini akirudi.

Maswali hayo yanastahili ukurasa mzima, kwa hiyo mapishi ya mihogo tuliyoahidi yatasubiri.

Kwanza tumtambue vizuri, kwa sababu wako wengi wanaomchanganya na jongoo. Jongoo ni mviringo kama penseli, huenda polepole, na ukimgusa hujikunja kama sarafu. Kila pingili ya mwili wake ina jozi mbili za miguu. Chakula chake ni majani yaliyooza. Haumi, ila hutoa majimaji yanayochafua vidole na kuwasha sana yakiingia machoni, kwa hiyo watoto wasimchezee. Tandu ni bapa kama utepe, ana jozi moja tu ya miguu kwa kila pingili, hukimbia kwa kujinyonganyonga, na kazi yake ni kuwinda. Jongoo ni mfagiaji wa shamba, na tandu ni askari wa doria ya usiku.

Aina ya tandu inayojulikana sana katika nchi za joto, nchi zetu zikiwemo, wataalamu huiita *Scolopendra morsitans*. Jina hilo lilitolewa na Mswidi Carl Linnaeus mwaka 1758, na neno lake la pili ni la Kilatini lenye maana ya anayeuma. Neno hilohilo amepewa mbung'o mmoja, kwa hiyo tandu hayuko peke yake katika sifa hiyo. Ana jozi 21 za miguu. Wazungu wa kale walimwita mwenye miguu mia, lakini hawakuhesabu. Jozi za miguu ya tandu, wa aina yoyote ile, huwa ni hesabu isiyogawanyika kwa mbili: wapo wenye 15, wapo wenye 21 au 23, na wapo wembamba kama uzi wenye zaidi ya mia na hamsini. Jozi hamsini kamili, ambazo zingefanya miguu mia, hazipatikani.

Watu wengi wa kwetu huamini kwamba tandu huchoma kwa mkia. Kweli, miguu yake ya nyuma kabisa ni mirefu na minene, naye huiinua akikasirika, hata mtu akashindwa kujua kichwa ni kipi. Lakini haina sumu. Sumu iko mbele. Jozi ya kwanza ya miguu yake imegeuka kuwa kucha mbili kali zilizopinda chini ya kichwa, kila moja ikiwa na mfuko wa sumu na tundu dogo karibu na ncha. Kwa hiyo tandu akikuuma, kwa kweli amekushika kwa miguu. Ndiyo maana alama yake ni matundu mawili madogo yaliyokaribiana.

Sasa, amefuata nini nyumbani? Si mtoto wako. Tandu hana sababu ya kumfuata binadamu, ambaye hawezi kumla wala kumshinda. Amefuata vitu viwili, maji na mende.

Tuanze na maji. Wadudu wengi wamepakwa kwenye ngozi kitu kama nta kinachozuia maji ya mwilini yasikauke. Tandu hana nta ya kutosha, na matundu yake ya kupumulia hayafungiki vizuri. Akikaa juani au mahali pakavu kwa saa chache hukauka akafa. Mchana kutwa hujificha chini ya mawe, ndani ya magogo yaliyooza, katika lundo la matofali, chini ya mtungi wa maua. Mvua kubwa ikinyesha mashimo yake hujaa maji, naye hutoka kutafuta mahali penye unyevu usiomzamisha. Bafu lenye sakafu isiyokauka, tundu la mfereji wa maji machafu, tambara la kudekia lililoachwa kona likiwa chepechepe: hapo amefika kwake.

Na mende ndio waliompikia. Tandu hula mende, nyenje, buibui, mchwa, na akiwa mkubwa hula hata mjusi mchanga. Haoni vizuri. Ana vijicho vinne kila upande wa kichwa ambavyo havimsaidii zaidi ya kutofautisha mwanga na giza, kwa hiyo huwinda kwa vipapasio, akigusagusa njia yake gizani. Akigusa kitu chenye uhai hukikamata papo hapo, kisha ndipo hujua ni nini. Mtoto aliyelala sakafuni akigeuza mkono juu ya tandu anayepita humtia hofu kama sisi tungetiwa hofu na ukuta unaotuangukia. Huko kuuma ni kujitetea.

Hapa tunaomba tukae kidogo juu ya jambo ambalo akina mama wachache wanalijua, nasi tulipolisoma tulishangaa. Tandu huyu tunayemkimbiza kwa kandambili ni mama mwenye subira kubwa. Wakati wake ukifika, huchimba chumba kidogo ardhini au chini ya jiwe na kutaga makumi ya mayai yaliyoshikamana kama kitonge. Halafu hujikunja kuyazunguka, akiyashika kwa miguu yake yote yasiguse udongo. Hukaa hivyo kwa majuma kadhaa. Hali chakula. Huyageuzageuza na kuyalamba mara kwa mara, kwa kuwa mayai yasiyolambwa huota ukungu yakaoza. Watoto wakianguliwa ni weupe, laini, hawawezi kutembea wala kujilisha, naye huendelea kuwakumbatia mpaka wamejivua ngozi zaidi ya mara moja na kupata nguvu. Ndipo huondoka, kila mmoja njia yake, wakiwa tayari na jozi zao zote 21.

Mwingereza J. G. E. Lewis, aliyewachunguza tandu wa Afrika kwa miaka mingi na kutoa kitabu kizima juu ya maisha yao mwaka 1981, ni mmoja wa wale waliotuwezesha kuyajua haya. Kuna upande wa pili pia, nao si mzuri kuusikia. Mama huyu akisumbuliwa sana, jiwe likafunuliwa mara kwa mara au chumba chake kikaingiwa na maji, huweza kuyaacha mayai, au hata kuyala. Na ukimkuta katika hali hiyo uani, ujue kwamba hatakimbia kama kawaida yake. Atabaki palepale na kuuma. Mwanao anayefunua mawe kutafuta chambo cha kuvulia samaki aambiwe hivyo, na apewe jembe au fimbo asitumie mkono.

Turudi kwa mtoto wa Tanga. Maumivu ya tandu ni makali, na mtu mzima mwenye nguvu zake huweza kulia. Mahali palipoumwa hupata joto, hugeuka pekundu na kuvimba, na pengine matezi ya kwapani au ya kinena hujaa. Kwa watu wengi maumivu hupungua baada ya saa kadhaa, na uvimbe huisha kwa siku chache. Kifo ni nadra mno. Vitabu vya utabibu hutaja mtoto wa miaka saba huko Ufilipino aliyeumwa kichwani na tandu mkubwa wa aina nyingine, na kisa hicho hurudiwarudiwa kwa sababu vingine kama hicho ni vigumu kuvipata. Habari kwamba sumu hupanda kichwani mtu akilala haina msingi. Mwache mtoto alale kama anaweza, ila kaa karibu umtazame anavyopumua.

La kufanya ni jepesi. Osha mahali palipoumwa kwa maji na sabuni. Vua pete au bangili kabla mkono haujavimba. Kisha chovya mkono au mguu ule katika maji ya moto kiasi anachoweza kuvumilia, kwa muda wa robo saa au nusu saa. Tunasema anachoweza kuvumilia, si yanayochemka! Mama ajaribu kwanza kwa kiwiko chake, kama anavyojaribu maji ya kumwogesha mtoto mchanga, maana mkono wenye maumivu hauwezi kupima joto vizuri. Kama una barafu, kifungie kipande katika kitambaa ukiweke juu yake, nacho husaidia. Huko Taiwan, ambako tandu huuma watu wengi, madaktari walilinganisha njia tatu, yaani barafu, maji ya moto na sindano ya kutuliza maumivu, na katika taarifa yao ya mwaka 2009 walieleza kwamba zote tatu zilipunguza maumivu. Mama wa kijijini asiye na sindano wala friji anayo sufuria na kuni, basi asijione amepungukiwa. Paracetamol kwa kipimo cha umri wa mtoto inatosha kuongezea.

Usichanje. Usifunge kamba juu ya jeraha. Usinyonye kwa mdomo. Kidonda cha wembe uliokutwa dirishani huweza kuleta pepopunda, ugonjwa unaoua, wakati tandu mwenyewe angeleta maumivu ya usiku mmoja. Mpeleke mtoto zahanati au hospitali bila kungoja kama ni mchanga sana, kama ameumwa usoni au shingoni, kama anapumua kwa shida, anatapika, amevimba midomo, ametokwa na vipele mwili mzima au anazimia. Hizo ni dalili kwamba mwili wake umeikataa sumu kwa nguvu kupita kiasi, kama inavyotokea kwa baadhi ya watu wakiumwa na nyuki. Mpeleke pia ikiwa baada ya siku mbili au tatu uvimbe unazidi badala ya kupungua, au jeraha linatoa usaha. Na hata akiwa mzima, uliza kama chanjo zake za pepopunda zimekamilika.

Mdudu yeyote akiingia sikioni, tandu mdogo akiwemo, usimfuate kwa njiti ya kiberiti. Mlaze mtoto ubavu, sikio lenye mdudu likiwa juu, tia matone ya mafuta safi ya kula yaliyo vuguvugu ili mdudu afe, kisha nenda kwa mganga wa zahanati amtoe. Sikio linalotoa usaha au lililowahi kutoboka lisitiwe kitu chochote.

Sasa tufike kwenye ile chupa ya mafuta ya taa, kwa kuwa hiyo ndiyo iliyotufanya tuichague barua hii kuliko nyingine zote. Mama anatuambia kwamba tangu siku ile ameweka mafuta ya taa katika chupa ya soda pembeni ya kitanda, tayari kumwagia tandu atakayetokea. Mama mwenzetu, tunakusihi uiondoe leo. Mtoto wa miaka mitatu akiona chupa ya soda hujua ni soda. Mafuta ya taa yakimezwa huteleza kwa urahisi kuingia mapafuni, na mapafu yakiungua namna hiyo mtoto huweza kufa. Kila hospitali ya wilaya inawajua watoto wa namna hii. Ikitokea, usimtapishe kwa kidole, wala kwa maziwa, wala kwa maji ya chumvi, kwa sababu akitapika mafuta hupata nafasi ya pili ya kuingia mapafuni. Mvue nguo zilizolowa, mfute, umkimbize hospitali ukichukua na chupa yenyewe.

Tunasema hayohayo juu ya dawa za shambani. Dawa ya pamba, ya kahawa au ya kuogeshea ng'ombe haikutengenezwa kwa ajili ya chumba cha kulala. Zile dawa za unga zinazouzwa sokoni katika vikaratasi visivyo na jina ni mbaya zaidi, maana hata daktari hatajua atibu nini. Na kwa tandu hazina faida kubwa, kwani anajificha nyufani na dawa hubaki sakafuni ambako mtoto anatambaa.

Dawa ya tandu ni ukavu. Rekebisha bomba linalovuja. Bafu lidekiwe na kukaushwa jioni, na tambara lianikwe nje. Tundu la maji machafu lizibwe kwa kipande cha wavu wa waya wenye matundu madogo. Mwite fundi azibe nyufa za ukutani kwa saruji, na chini ya mlango pigilia utepe wa mpira wa gari la zamani, kazi ambayo hata kijana wa darasa la saba anaiweza. Kuni, matofali na mitungi ya maua visiegemee ukuta wa nyumba. Majani makavu yaliyokusanyika barazani yapelekwe kwenye lundo la mbolea mbali na mlango. Vyombo vya chakula cha usiku vioshwe kabla ya kulala ili mende wakose karamu, na mende wakiisha tandu hana cha kumleta. Wenye kuku wanajua kwamba kuku wakiachiwa uani humdonoa tandu bila hofu. Mtoto asilale sakafuni msimu wa mvua kama kitanda kipo, na chandarua kichomekwe chini ya godoro pande zote. Viatu na sare za shule vikung'utwe asubuhi, hasa viatu vilivyoachwa nje.

Kuna barua nyingine fupi ya msomaji ambaye binti yake anaishi Marekani. Binti huyo amemwambia mama yake kwa simu kwamba ameona bafuni kitu kama unyoya unaokimbia, nao wenyeji wamemwambia asikiue. Mama anauliza kama ni uchawi. Hapana, ni ndugu ya tandu wetu! Jina lake ni *Scutigera coleoptrata*. Mwili wake hauzidi sentimita tatu na nusu, lakini ana jozi 15 za miguu mirefu na myembamba sana, hata akaonekana mkubwa mara mbili au tatu. Asili yake ni nchi zinazozunguka bahari ya Mediterania. Huko Marekani alionekana Pennsylvania mwaka 1849, akafika New York mwaka 1885, na sasa amezoea nyumba za watu, kwani baridi ya nje ingemuua.

Tabia zake hazifanani na za tandu wetu. Ana macho mazuri, hukimbia kama sentimita arobaini kwa sekunde moja, na akishikwa mguu huuacha mkononi mwa aliyemshika, kisha mwingine huota akijivua ngozi. Hula mende, nondo na hata kunguni. Ni nadra kumuuma mtu, na akiuma ni kama nyuki. Kwa habari ya uzazi hana subira ya yule wa kwetu: hutaga yai mojamoja, hulipaka udongo, akaenda zake. Watoto wake hutoka na jozi nne tu za miguu na kuziongeza kila wanapojivua, mpaka zitimie 15. Wenyeji wa binti wana haki ya kusema asimuue. Lakini ushauri huo usipandishwe ndege ukaletwa Tanga, kwa kuwa wetu ni mwingine.

Basi mama wa Tanga amuue au asimuue? Tandu aliye shambani au kwenye lundo la mbolea mwachie kazi yake ya kula wadudu. Aliye ndani ya chumba anacholala mtoto, muue, tena kwa kiatu chenye soli ngumu, ukipiga kichwani. Kandambili ni nyepesi, na mguu mtupu usijaribu kabisa. Ukimkata vipande viwili usiviokote kwa vidole, kwa maana kipande chenye kichwa huweza kuuma kwa muda bado. Kifagilie kwenye kizoleo ukitupe chooni.

Mwezi ujao, mihogo ya nazi, na chawa wa watoto wa shule.